Glenda Jackson hakuomba kupendwa

Tangu Glenda Jackson afariki Juni 2023 akiwa na miaka 87, maisha yake yanasimuliwa kama muujiza: mwigizaji mkubwa wa Uingereza aliyeacha sanaa, akawa mbunge kwa miaka 23, kisha akarudi jukwaani na miaka yake 80 kuigiza Mfalme Lear. Hadithi tamu, sikatai. Ila inatuziba macho. Ukiitazama vizuri, kurudi kule kunaisuta sanaa yenyewe.

Alizaliwa Birkenhead mwaka 1936, baba yake fundi mwashi. Kabla ya kuingia chuo cha uigizaji cha RADA alifanya kazi kwenye duka la dawa. Mwaka 1964 mwongozaji Peter Brook alimpa nafasi ya Charlotte Corday katika Marat/Sade, na hapo watu wakaanza kumtolea macho. Baadaye zikaja Oscar mbili, ya Women in Love na ya A Touch of Class. Zote mbili hakwenda kuzipokea.

Hilo la kutokwenda linanieleza mengi. Jackson hakuwa mwigizaji wa kumbembeleza mtazamaji. Mwangalie kwenye Elizabeth R, mfululizo wa BBC wa 1971. Alinyoa nywele za mbele ili afanane na malkia yule, akambeba kutoka usichana mpaka uzee wa poda na wigi. Mwingine angetafuta huruma yetu kwa mwanamke mpweke. Yeye anatuonyesha mtu anayepiga hesabu: kila anayeingia chumbani anapimwa kwanza, ndipo anajibiwa. Tunamheshimu, tunamwogopa kidogo. Kumpenda ni shauri letu.

Kwa hiyo sishangai kwamba mwaka 1992 aliingia bungeni kwa tiketi ya Labour. Siasa za Margaret Thatcher zilimkera kweli. Thatcher alipofariki, Aprili 2013, bunge likakutana kumuenzi, Jackson alisimama akaeleza madhara ya utawala ule huku wabunge wa upande wa pili wakimzomea. Itafute video yake. Sauti haitetereki, wala haharakishi sentensi ili akae chini. Ni mwigizaji yuleyule, safari hii maneno ni yake.

Wapo wanaosema miaka ile ya bunge ilipotea bure. Siafiki. Lear ni mzee aliyezoea kutiiwa. Anagawa ufalme kwa binti zake, halafu anashangaa kuona heshima imeondoka pamoja na cheo. Mtu aliyekaa miaka 23 katikati ya wenye vyeo, akiwaona wanavyopanda na wanavyoshuka, hahitaji kufundishwa mshangao huo. Tena Shakespeare amempa Lear umri wa miaka 80 na zaidi. Jackson, kwenye ukumbi wa Old Vic mwaka 2016, alikuwa amefika hapohapo.

Sasa swali langu ni hili: kwa nini ilibidi awe Lear? Kwa sababu tamthilia hazina Lear wa kike. Jackson mwenyewe alilalamika miaka nenda rudi kwamba waandishi hawawapi wanawake nafasi nzito. Mwigizaji wa kiume akizeeka anasubiriwa na Lear na Prospero. Wa kike anasubiriwa na kiti cha pembeni na sentensi mbili za kumkaribisha mgeni chai.

Na pale nafasi ilipoandikwa, tuliona alichofanya. Three Tall Women ya Edward Albee ilimpa tuzo ya Tony mwaka 2018. Kwenye Elizabeth Is Missing, filamu ya televisheni ya 2019 iliyotokana na riwaya ya Emma Healey, yeye ni Maud, bibi anayepoteza kumbukumbu huku akimtafuta rafiki yake. Anajaza vikaratasi mifukoni, anafoka, anachosha watu. Hajipendekezi hata kidogo, na ndiyo maana anatuumiza. BAFTA aliyoipata ilikuwa halali yake.

Basi tukimsifu, tusiishie kwenye umri wake. Wengi wetu tunaosoma hapa tunaandika pia. Hebu fungua mswada wako uone: yule bibi uliyemweka barazani, amepewa kitu cha kutaka, au anasubiri tu wajukuu waje?