Kwa Nini Balbu ya LED Hugomesha Mlango wa Gereji

Malalamiko ya wenye nyumba Marekani yanafanana. Mtu anabonyeza rimoti akiwa barabarani, mlango wa gereji unafunguka na taa iliyo kwenye mota inawaka. Anaingiza gari, anabonyeza tena ili ufunge, mlango umegoma. Dakika chache baadaye taa inajizima yenyewe na rimoti ileile inafanya kazi. Wengi hukimbilia kubadili betri, ila betri iliyochoka haichagui wakati. Ingesumbua taa ikiwaka na ikizimwa. Kilichobadilika kati ya mara ya kwanza na ya pili ni kwamba balbu imewaka, basi tuanzie hapo.

Balbu ya zamani ilikuwa waya uliopashwa moto mpaka ukang'aa, basi. LED haiwezi kulishwa umeme wa ukutani moja kwa moja, kwa hiyo ndani ya kitako chake kuna saketi inayokata na kuunganisha umeme makumi ya maelfu ya mara kwa sekunde, au zaidi. Kila mkato wa ghafla huzaa mawimbi ya redio, na mabaki yake hupanda hadi mamia ya megahezi. Huko ndiko ziliko rimoti za Marekani, nyingi zikitumia masafa ya kati ya 300 na 390 MHz. Rimoti ya kawaida hutuma msimbo kwa kuwasha na kuzima wimbi, na risiva huusoma kwa kupima lini wimbi lipo na lini halipo. Kelele ya balbu huvijaza vile vipindi vya kimya. Kwenye rimoti za kisasa msimbo wenyewe hubadilika kila kitufe kinapobonyezwa na lazima ulingane wote, kwa hiyo sehemu ndogo tu ikiharibika, amri nzima hutupwa.

Atakayepinga atasema balbu hiyo imepimwa ikafuzu, hivyo haiwezi kulaumiwa. Hoja hii ina uzito, lakini tutazame kipimo chenyewe. Kanuni za FCC, mamlaka ya mawasiliano ya Marekani, kwa vifaa vya nyumbani, katika masafa ya 216 hadi 960 MHz, zinaruhusu mikrovolti 200 kwa mita, zikipimwa umbali wa mita 3. Kwenye mota ya mlango, balbu imefungwa ubavuni mwa risiva, na antena ni kipande cha waya kinachoning'inia karibu, pengine sentimita 15 tu. Umbali huo ni sehemu moja ya ishirini ya mita 3, na hata kwa hesabu ya kukadiria nguvu ya kelele hupanda takriban mara ishirini. Rimoti nayo iko ndani ya gari, mbali zaidi, na nguvu yake imewekewa kikomo na sheria. Balbu inaweza kufuzu maabara na bado ikaugomesha mlango. Tena kanuni hizohizo zinavitaka vifaa visivyo na leseni vivumilie mwingiliano: katikati ya miaka ya 2000, redio za jeshi la Marekani zilipoanza kutumia masafa ya 380 hadi 399.9 MHz, milango iliyo karibu na kambi iligoma, na wenye milango hawakuwa na haki ya kudai.

Je, turudi kwenye balbu za waya? Hapana, zinakula umeme bure. Kuna balbu za LED zilizotengenezwa mahsusi kwa mota hizi, zikiwa na kinga dhidi ya kelele, na baadhi ya mota mpya huja na LED zake ndani, ushahidi kwamba tatizo linatatulika pale taa na risiva vinapobuniwa pamoja. Kosa ni la watengenezaji waliomwachia mnunuzi soketi tupu sentimita chache kutoka kwenye antena. Mageti ya umeme ya Nairobi na Dar es Salaam, ambayo rimoti zake nyingi hutumia 433.92 MHz, hayajasalimika iwapo fundi atafunga taa juu ya kisanduku cha risiva. Kabla ya kumlipa mtu abadilishe mota, ondoa balbu, bonyeza rimoti. Mlango ukiitika, nunua balbu nyingine au isogeze taa mbali na antena.