Mkono Ulioshika Ua

Mwaka 1959, mwaka mmoja kabla ya uhuru wa Mali, mpiga picha Seydou Keïta alimpiga picha kijana mmoja mjini Bamako akiwa ameshika ua. Picha hiyo ya nusu mwili haina jina. Kwangu mimi, ni somo kamili la namna ya kuonyesha mapenzi ya mwanamume bila kumvunjia heshima.

Anza na uso. Kijana hatabasamu. Amevaa suti nyeupe, tai na miwani ya fremu nene, na mfukoni amechomeka kalamu. Ukiliziba ua kwa kidole, utabaki na karani anayetaka aheshimiwe. Ondoa kidole, na karani yuleyule anakuwa mtu mwenye ampendaye moyoni, ingawa uso haukubadilika hata kidogo. Hisia yote imebebwa na mkono: vidole vyembamba vimelishika ua kwa wepesi, kama mtu anayeogopa kulivunja. Weupe wa koti nao unasaidia, kwani juu yake ngozi nyeusi ya vidole inajichora waziwazi.

Ulaini wa picha hiyo haukuja kwa bahati. Keïta, aliyefungua studio yake mwaka 1948, alipendelea mwanga wa jua, usioukaza uso kama taa kali. Kamera yake ilitumia filamu ya sentimita 13 kwa 18, na kwa kuwa filamu ilikuwa ghali, kwa kawaida mteja alipigwa picha mara moja tu. Kwa hiyo bega, shingo na mkono vilipangwa kwa subira kabla ya kubonyeza. Kisha picha ilisafishwa kwa ukubwa uleule wa filamu, ndiyo maana hata mikunjo midogo ya nguo inasomeka.

Tazama sasa albamu zetu za harusi. Bibi harusi hupewa ua, tabasamu na mwanga mzuri. Bwana harusi husimamishwa kidevu juu, mikono mfukoni, kama mlinzi wa getini. Kisha tunasema wanaume hawana hisia!

Mpiga picha, usimlazimishe bwana harusi kucheka. Mtoe mikono mfukoni, umpe kitu anachokithamini akishike, halafu subiri vidole vilegee. Hapo ndipo ubonyeze.