Kula ni Lazima

Bao la Kiswahili linaanza kwa amani ya uongo. Kila mchezaji ana kete 32: 10 ziko ubaoni na 22 ziko mkononi. Zile 10 zina mahali pake. Sita zinakaa kwenye nyumba, shimo la tano la safu ya mbele ukihesabu kutoka kushoto kwako, halafu mbili na mbili katika mashimo mawili yanayofuata kulia. Mpinzani naye amepanga vivyo hivyo kwa kulia kwake na kushoto kwake, kwa hiyo kete zenu zinapishana. Hakuna shimo lenye kete linalotazamana na shimo lenye kete. Anayeanza hawezi kula hata akitaka.

Kemondo, kusini mwa mji wa Bukoba kwenye njia ya Muleba, watu wana muda wa kuutazama upishano huo. Bandari ina saa zake. Meli inayotoka Mwanza kwenda Bukoba hupitia hapo, na mwenye mikungu ya ndizi hawezi kuiharakisha. Tena huku Ziwani ubao wa safu nne hauhitaji kutambulishwa kwa mtu: kaskazini Waganda wana omweso, magharibi Wanyarwanda wana igisoro, na yote mawili yana mashimo 32 na kete 64 kama bao la pwani. Mgeni anayeketi kwenye benchi anaweza kuwa hajui kanuni zenu, lakini vidole vyake vinajua kutembeza kete.

Turudi kwenye ile hatua ya kwanza, maana ndiyo iliyonifanya nilipende bao kuliko sataranji, na naipenda sana sataranji.

Anayeanza anachukua kete moja mkononi na kuiongeza kwenye shimo mojawapo lenye kete mbili, kisha anazitembeza hizo tatu. Kwa kuwa hali, huko kunaitwa kutakata. Akienda kulia, kete zake zinaelekea pembeni, nyingine zinapinda hadi safu ya nyuma, wala hazimgusi mtu. Ubao unabaki kimya na zamu inahama. Akienda kushoto, mambo yanabadilika. Tuseme amelichukua shimo lililo jirani na nyumba. Kete ya kwanza inaingia nyumbani, ambako sasa zinakuwa saba. Ya pili inatua shimo linalofuata, na hapo inatazamana uso kwa uso na nyumba ya mpinzani yenye kete sita. Ya tatu inatua mbele kidogo, ikitazamana na shimo la mpinzani lenye kete mbili, na hapo inalala. Mchezaji ameweka nje watoto wawili peke yao, bila mlinzi.

Sasa fundi wa upande wa pili anapaswa kula, na namaanisha anapaswa. Katika bao, penye cha kula hakuna ruhusa ya kukataa. Ana njia mbili. Akimla yule wa tatu, anaiacha nyumba yake wazi, na zamu ijayo kete zake sita zitaondoka kwa mpigo mmoja. Kwa hiyo anamla yule anayeitazama nyumba. Amepata kete moja, anaitia kwenye kichwa cha safu, inalala. Halafu aliyeanza anaongeza kete kwenye lile shimo la mtoto aliyebaki na kuchukua mbili. Ametoa moja, amepata mbili, na mwenzake hakuwa na la kufanya. Mzee mmoja kwenye benchi husogeza mkono kama anayemkaribisha mgeni mezani na kusema, “Kula, waitu.” Wanaojua wanacheka kabla mgeni hajatambua amekaribishwa nini.

Watu wa sataranji wana kitu kinachofanana na hicho, na wamekipa majina. Mmoja wa mabingwa wake alikuwa mtu wa bandarini hasa: William Davies Evans, nahodha wa Wales aliyeendesha meli ya barua kwenda Ireland. Miaka ya 1820 alibuni ufunguzi ambamo askari aliye mbele ya farasi anasogezwa hatua mbili na kuachwa aliwe, ili mweupe apate muda wa kuujaza uwanja wa katikati. Adolf Anderssen aliutumia mwaka 1852 katika mchezo ambao wapenzi wa sataranji bado wanausimulia. Garry Kasparov aliutoa kabatini mwaka 1995 huko Riga, wakati wengi waliuona wa kizee, akamshinda Viswanathan Anand kwa hatua 25. Nahodha Evans angeburudika Kemondo. Lakini angekuta jambo moja geni: kwake, mpinzani anaweza kuitazama sadaka, akashukuru na kuiacha. Nusu ya elimu ya ufunguzi wa sataranji ni kujua lini ukatae. Fundi wa bao hana starehe hiyo, na mwenye kutoa anajua hivyo. Anachagua chakula ambacho kitamwelekeza mlaji mahali anapotaka afike.

Kuna tofauti nyingine inayozidisha ugumu. Katika sataranji aliyeliwa ametoka, na ubao unapungua hadi wanabaki wafalme na askari wachache wanaoonekana vizuri. Katika bao kete hazifi. Zinahamia kwako, zinatembezwa upande wako, na kesho zinaweza kurudi. Zikianza 64 zinamaliza 64. Anayehesabu mbele hana siku ambayo kazi itapungua.

Mafundi wa sataranji wa Baghdad walilijua tatizo la kuanza mchezo. Abu Bakr al-Suli, aliyecheza kwenye makasri ya makhalifa karne ya 10, alirithi na kukuza desturi ya kupanga majeshi kwa mifumo iliyojulikana kabla hayajagusana. Waganda wana kitu cha ukoo huo katika omweso: wachezaji wanapanga kete zao wanavyopenda kabla ya kula kuanza. Bao la Kiswahili halikuchagua njia hiyo. Limepanga kete 10 tu na kuziacha 22 mkononi, na sehemu yote ya kuzitia moja moja, yaani namua, ni ufunguzi unaoendelea huku watu wanakulana. Mtu anaweza hata kushinda kabla kete hazijaisha mkononi.

Mwanasaikolojia wa Uholanzi, Adriaan de Groot, alitoa mwaka 1946 utafiti uliowashangaza wengi: bingwa wa sataranji hahesabu mbele kuliko mchezaji wa kawaida kwa kiasi watu walichodhani. Anaona. Ukimwonyesha ubao kwa sekunde chache na kuufunika, anaupanga tena. Mholanzi mwingine, Alexander de Voogt, alikwenda kwa mafundi wa bao wa Zanzibar, na mwaka 1995 Leiden ikapokea kazi yake juu ya ubingwa wao. Naona alikwenda mahali panapofaa. Katika sataranji kipande kimoja husogea na vingine vinakaa, isipokuwa mara chache. Katika bao, zamu moja inaweza kuzunguka ubao, ikala, ikatembeza, ikala tena, na picha uliyokuwa nayo kichwani imekwisha. Fundi anaona ubao utakaokuwapo baada ya dhoruba hiyo, na anauona kabla hajanyanyua kete.

Mahali pa kumtambua ni nyumba. Katika zamu ya kula, kete ya mwisho ya mtembezo ikitua kwenye nyumba yako yenye kete sita au zaidi, bila kula tena, unaruhusiwa kusimama au kusafiri. Mwanafunzi husafiri, maana kete nyingi zinawasha mkono. Zinatawanyika kila shimo, watazamaji wanapiga makofi, na nyumba haina tena haki yake. Fundi huiacha ikae ikinenepa, akitumia kete moja moja za pembeni, mpaka siku ambayo safari hiyo italala mahali alipokwisha kupachagua. Mara nyingine siku hiyo haifiki na anashinda nyumba ikiwa haijaguswa. Hilo watazamaji hawalipigii makofi, na naona wanakosea.

Turudi kwenye swali la kuanza kulia au kushoto: wapo wanaosisitiza kwamba kwenda kushoto ni ukorofi, kwamba ukimnyima mwenzako utulivu mwanzoni atakulipa kati. Kulia kunafaa kwa majirani walio na mwaka mzima wa kuchezeana. Bandarini, ambako mpinzani anaweza kupanda meli jioni na deni lake, nimeona wengi wakianza kushoto.