Ufundi wa Kutunza Hoja Iliyoshindwa

Rabi Yohanan wa Tiberia, mwalimu wa sheria ya Kiyahudi wa karne ya 3, alipofiwa na Resh Lakish, mwenzake wa kubishana naye, wanazuoni walimpelekea kijana hodari, Elazar ben Pedat, amliwaze. Kila mzee aliponena jambo, kijana alimletea ushahidi wa kumuunga mkono. Talmudi, kitabu cha mijadala ya sheria hiyo, inasimulia kwamba mzee hakuliwazika hata kidogo. Marehemu alikuwa akimtolea vipingamizi 24 kwa kila neno, naye akimrudishia majibu 24, na katika majibizano hayo sheria ikapanuka. Huyu aliyeletwa kazi yake ilikuwa kumwambia kwamba amesema kweli, jambo ambalo mwenyewe alilijua. Yohanan akazunguka akilia na nguo zimeraruka, akimwita marehemu, hadi akarukwa na akili. Chanzo cha msiba chenyewe kilikuwa hoja: upanga au kisu huhesabiwa lini kuwa kimekamilika? Yohanan alisema ni pale kinapotoka motoni. Resh Lakish alisema ni pale kinapotiwa majini kung'arishwa. Wahunzi wa kwetu Buhaya, mkoani Kagera, waliofua chuma karne nyingi kabla ya mkoloni, wangekesha na swali hilo. Lakini Yohanan aliiacha hoja akamshika mtu: alimkumbusha mwenzake kwamba zamani alikuwa mnyang'anyi, hivyo lazima avijue vyombo vya kazi yake. Resh Lakish aliumia moyo, akaugua, akafa. Walioipokea habari hii hawakumsitiri mwalimu wao mkuu. Walimwacha na aibu yake, na kauli ya marehemu wakaiweka kando ya kauli yake, hai kama siku ilipotamkwa.

Ufundi ninaousifu ni huo wa kuitunza hoja iliyoshindwa, pamoja na jina la aliyeitoa. Mishna, iliyokusanywa na Yehuda ha-Nasi karibu mwaka 200, ni kitabu cha sheria chenye sehemu kuu 6 na vitabu vidogo 63, na bado kinamshangaza anayekifungua akitafuta amri, kwa sababu mara nyingi anakutana na ugomvi. Huyu kasema hivi, yule kasema vile, wenzao wengi wamewapinga wote wawili. Mishna yenyewe inajiuliza kwa nini kauli ya mmoja itajwe ilhali sheria inafuata wengi, na jibu mojawapo ni kwamba baraza la siku za usoni huenda likaiona ndiyo iliyo sawa, likapata pa kuegemea. Tazama jambo la mabinti. Ikiwa mali ya marehemu ni chache, sheria yao iliamuru mabinti watunzwe, wana wa kiume wakaombe. Hakimu mmoja wa Yerusalemu, Admon, akauliza kama mwana apoteze kwa sababu tu ni mwanamume, na Rabani Gamalieli akasema anaiona hoja yake. Hata aliyeshindwa katika sheria iliyowapendelea mabinti hakufutwa. Baadaye wanazuoni wa Babeli waliijadili Mishna kwa karne tatu hivi, na mjadala huo ndio Talmudi. Rashi, aliyefariki mwaka 1105, akaufafanua mjadala wao. Wajukuu zake wakambishia. Daniel Bomberg alipoichapa Talmudi nzima huko Venice kati ya 1520 na 1523, aliwapanga wote kwenye ukurasa mmoja: maandiko ya kale katikati, Rashi upande huu, wabishi wake upande ule. Mjukuu na babu wanasomwa kwa mtazamo mmoja.

Sisi wa Buhaya pia tulikuwa na sheria ya mdomo, na hatujawahi kusifiwa kwa kunyamaza. Mwaka 1945 Hans Cory na M. M. Hartnoll walichapisha London kitabu cha sheria za kimila za Wahaya, kazi kubwa yenye vifungu vilivyopewa namba. Mwaka 1963 serikali ikatoa tangazo lililokusanya mila za makabila yanayofuata ukoo wa baba na kuzifanya kanuni moja. Kanuni ya 20 ya urithi ikasema mwanamke aweza kulitumia shamba la ukoo maisha yake yote, ila asiliuze. Sentensi chache, bila jina la mzee aliyeisema wala la aliyeikataa. Mwaka 1988 mwanamke mzee aliyerithi kibanja, yaani shamba la ukoo, kwa wosia wa baba yake alikiuza kwa shilingi 300,000 kwa mtu wa nje ya ukoo, na mpwa wake akamshtaki katika Mahakama ya Mwanzo ya Kashasha, hapa wilayani Muleba. Kashasha ilibatilisha mauzo. Mahakama ya Wilaya ikatengua. Tarehe 22 Februari 1990, katika kesi inayojulikana kama Ephrahim dhidi ya Pastory, Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu Mwanza alimpa mwanamke haki, akiegemea haki za binadamu zilizomo katika Katiba. Sina ugomvi na hukumu hiyo. Naiona ya haki. Ninachohuzunikia ni kwamba jaji alilazimika kwenda mbali, kwenye Katiba na mikataba ya mataifa, kutafuta pa kuegemea. Siamini kwamba katika vizazi vyote vilivyokaa barazani kugawa vibanja hakutokea mzee hata mmoja aliyesimama akasema binti aliyemuuguza baba yake asifungwe mikono. Huyo ndiye Admon wetu. Kifungu chenye namba hakikumwachia nafasi.

Wapo watakaosema sheria isiyo na mwisho si sheria, na mkulima anayegombea mpaka hataki mjadala, anataka jibu. Ni kweli, na marabi walijua. Walipiga kura, walio wengi wakafuatwa. Kukata shauri na kufuta hoja ni mambo mawili. Hata miongoni mwao alitokea mtu aliyechoshwa na kelele: Musa bin Maimuni, karibu mwaka 1180 huko Misri, alimaliza kitabu kilichopanga sheria yote bila mabishano wala majina ya walioyatoa. Abraham ben David wa kusini mwa Ufaransa alimshambulia kwa hilo hilo la kuficha kauli zilikotoka, na leo kitabu cha Maimuni huchapwa kikiwa kimezingirwa na ukosoaji huo. Nakubali pia kwamba barazani mwa marabi wanawake hawakuketi. Ila palipo na kumbukumbu ya ubishi, aliyeachwa nje ana mlango wa kubisha.

Atakayeona habari hizi ni za mbali avuke mpaka hadi Mbale, Uganda. Semei Kakungulu, kiongozi wa huko, alijitenga na Wakristo mwaka 1919 akaishika dini ya Kiyahudi kwa kusoma Biblia, na jumuiya yake, Abayudaya, ikasalia hata Idi Amin alipoipiga marufuku. Lakini kitabu kilichosomwa bila mbishi hakimtoi rabi: Gershom Sizomu, mtoto wa jumuiya hiyo, alikwenda kuketi darasani Los Angeles ndipo akawekwa wakfu mwaka 2008. Alirudi Mbale kufundisha. Muleba hakuna pa kwenda kuketi namna hiyo kwa ajili ya sheria ya kibanja. Wazee wanaojua nani alimbishia nani wanazikwa migombani, na vikao vya ukoo siku hizi huandika muhtasari ambao karibu wote unaanza na kuishia na neno moja: imeamuliwa.