Mfalme Aliyewaachia Wenzake Nafasi

Ng Cho-fan aliingia kwenye filamu mwanzoni mwa miaka ya 1930, sinema ya Kikantoni ilipokuwa ndiyo kwanza inajifunza kusema, na baadaye mashabiki wakamwita mfalme wa sinema wa China Kusini. Jina kama hilo lilikuwa mali. Katika Hong Kong ya baada ya vita, wasambazaji wa Singapore na Malaya walitanguliza fedha kwa kutazama majina ya nyota tu, pengine hadithi yenyewe haijaandikwa. Mtayarishaji akishapokea chake, alipiga picha harakaharaka. Zipo filamu zilizomalizwa kwa wiki moja hivi. Nyota naye alisema maneno yake, akachukua malipo, akakimbilia seti nyingine.

Ng aliichoka biashara hiyo. Mwaka 1949 alikuwa miongoni mwa wanasinema waliotangaza kwamba wataisafisha filamu ya Kikantoni. Matamko hayagharimu kitu. Kilichogharimu kilikuja 1952, alipoungana na wanasinema wenzake 20, wakiwemo waigizaji na waongozaji, wakaanzisha kampuni ya filamu ya Union. Majina makubwa yale yakakubali ujira mdogo kuliko waliouzoea, ili filamu ipate muda na maandishi ya maana. Kazi yao ya kwanza, ya 1953, ilitokana na *Familia*, riwaya ya Ba Jin.

Mwaka huohuo ikatoka *In the Face of Demolition*, iliyoongozwa na Lee Tit, na hapo ndipo ninapomvulia kofia. Ng ni dereva wa teksi anayeishi katika jengo bovu, wapangaji wamebanana, kodi inawasumbua, na mwishowe dhoruba inaliangusha. Nyota wa cheo chake, tena kiongozi wa kampuni, angeweza kuivuta hadithi yote ije kwake. Haivuti. Anaketi kati ya wapangaji kama mmoja wao, anasikiliza. Kulia mbele ya kamera kunafundishika. Kumsikiliza mwenzako mpaka mtazamaji amwamini yeye, huo ndio ufundi. Naamini utayarishaji wake ulitoka humohumo: aliyezoea kumpisha mwenzake kwenye picha haoni tabu kumpisha kwenye hesabu za fedha.

Aliendelea hivyo hata nje ya Union. Katika *The Orphan* ya 1960, aliyoitayarisha mwenyewe, anacheza mkuu wa kituo cha yatima, lakini uzito wa filamu amembebesha kijana wa miaka 18 anayeigiza mhuni wa mitaani. Kijana huyo ni Bruce Lee, kabla dunia haijamjua kwa mateke.

Union ilifungwa 1967, baada ya filamu zaidi ya 40. Ng alifariki Vancouver mwaka 1993. Ukiipata ile ya jengo bovu, usimtazame anapozungumza. Mtazame mwenzake anapozungumza.