Mtunzi wa Dansi na Msikilizaji wa Mbesa

Mtunzi wa muziki wa kantri kule Nashville aweza kuzeeka akila jasho la kalamu yake. Harlan Howard aliandika, wengine wakaimba, hakimiliki ikamlisha. Mtunzi wetu wa dansi hakuwa na kivuli hicho. Muhiddin Maalim Gurumo, mzaliwa wa Masaki, Kisarawe, aliingia NUTA Jazz mwaka 1964, akahamia Mlimani Park mwaka 1978, akaendelea na bendi hii na ile hadi alipostaafu mwaka 2013. Alikuwa mtunzi, mwimbaji na mwajiriwa kwa pamoja, na sheria ya hakimiliki iliyozaa COSOTA ilipitishwa mwaka 1999, yeye akiwa mtu mzima. Dhuluma hiyo imeliliwa sana. Ufundi wenyewe haujasifiwa vya kutosha.

Wanaoubeza husema maneno ya dansi ni mepesi mno: mapenzi, fitina, shida, basi. Wanauweka wimbo karibu na shairi la Shaaban Robert, wanahesabu mizani, wanatikisa kichwa. Lakini msomaji wa shairi hurudia ubeti akitaka, ilhali msikilizaji wa Radio Tanzania alilisikia neno mara moja, likapita. Tena msikilizaji huyo yawezekana alikuwa Mbesa, kusini mwa mkoa wa Ruvuma, nyumbani akizungumza Kiyao, na Kiswahili chake hakikuwa kile cha Kariakoo. Wimbo ulipaswa kumfikia yeye na Mzaramo wa Kisarawe kwa maneno yale yale. Ndiyo maana Mbaraka Mwinshehe aliweza kuubebesha wimbo mzima jina la “Shida”, Marijani Rajabu akauita wake “Zuwena”, jina la mtu tu, na Remmy Ongala, mzaliwa wa Kindu, Kongo, akachukua neno lisilohitaji kamusi katika nyumba yoyote: “Kifo”. Kulichagua neno ambalo kila mtu analo, kisha kulifanya lisikike kama geni, ni kazi ngumu kuliko kufukua msamiati wa kale. Wepesi huo ulikuwa na gharama yake pia, maana hata mkaguzi aliuelewa wimbo haraka: “Mambo kwa Soksi” wa Remmy, uliohusu kondomu, ulinyimwa nafasi redioni.

Pingamizi lenye uzito zaidi ni kwamba wimbo wa dansi ni mali ya bendi. Mtunzi huleta maneno na sauti ya kuimbia. Mpiga solo, mpiga ridhimu, mpiga besi na wapiga tarumbeta kila mmoja hujitafutia njia yake. Nakubali, na chemko la mwisho, pale wimbo unapokolea watu wacheze, ni lao kabisa. Ila kwa sababu hiyo hiyo mtunzi hubanwa: lazima mkosaji, mkosewa na kosa wajulikane kabla magita hayajamnyang'anya msikilizaji na kumpeleka kucheza. Akichelewa beti mbili, kisa kimepotea.

Mwaka 2013 Diamond Platnumz alimzawadia Gurumo gari, magazeti yakaandika. Ilikuwa heshima ya kijana kwa mzee, na iliifikia kazi kwa mlango wa huruma. Leo mtu wa Mbesa akijaziwa nyimbo za zamani kwenye memori kadi, faili huwa na jina la bendi na la wimbo. La mtunzi, mara nyingi, halimo.