Kisiwa cha Uluguru: ziara iliyopangwa kwa sikio

Saa nane mchana, stendi ya mabasi ya Msamvu, mjini Morogoro, haina pembe tulivu. Wapiga debe wanaita Ifakara, wanaita Kilosa, wanaita Dodoma; bodaboda zinapiga honi; muuza maji anagonganisha chupa. Katikati ya kelele hiyo, kijana aliyekuwa akituongoza aliwakusanya wageni wake watano kivulini, akawaomba wafumbe macho kwa dakika mbili, kisha kila mmoja amtajie sauti tano na aonyeshe kwa kidole zilikotokea. Wa kwanza alipata mbili. Mama mmoja kutoka Dar es Salaam, mwalimu mstaafu, alizipata zote, na ya tano ilikuwa ya kunguru juu ya paa.

Nilidhani ni mchezo wa kusubirishia gari. Kesho yake, msituni juu ya kijiji cha Tegetero, ndipo nilipoelewa kwamba ziara ilikuwa imeshaanza pale pale stendi. Makala haya yanachambua jinsi ilivyofanywa hatua kwa hatua, kwa kuwa naamini ziara ya ndege kwenye milima yetu hufaulu au hufeli kwenye jambo moja: kama imepangwa kwa sikio au kwa jicho.

Kisiwa kisicho na bahari

Tukisema utalii wa ndege wa kisiwani, wengi hufikiria Pemba na msitu wake wa Ngezi, na ni haki, kwani Pemba ina ndege wanne wasiopatikana kwingine duniani. Milima ya Uluguru nayo ni kisiwa, ila imezungukwa na joto na nyika badala ya maji. Msamvu uko mita 500 hivi juu ya usawa wa bahari. Kilele cha Kimhandu, upande wa kusini wa safu, kinapita mita 2,600. Ndege aliyezoea ukungu na ubaridi wa juu havuki bonde lenye jua kali kwenda milima ya Nguru au Rubeho, kama vile kuku havuki bahari kwenda Unguja. Milima ya Tao la Mashariki iko 13, kuanzia Taita nchini Kenya hadi Udzungwa na Mahenge, na kwa mamilioni ya miaka unyevu wa Bahari ya Hindi umeinyeshea hata bara lilipokauka. Waliobaki juu wakawa watu wa kwao peke yao.

Kwa hiyo Uluguru ina chozi wake, Cinnyris loveridgei, mwenye koo la kijani linalong'aa na kifua cha rangi ya chungwa, aliyeandikwa na wanasayansi mwaka 1922. Ina kipwe wake, Malaconotus alius, aliyeandikwa mwaka 1927: mgongo kijani, tumbo njano, kofia nyeusi, mdomo wenye ndoana. Na ina ndege mdogo wa vichakani, Scepomycter winifredae, aliyeandikwa mwaka 1938 na kupewa jina la Winifred, mke wa Reginald Moreau, mtafiti aliyekuwa kituo cha Amani kule Usambara.

Kati ya hao, kipwe ndiye mtihani. Anakaa kwenye msitu wa Uluguru Kaskazini, juu kabisa kwenye vilele vya miti, ambako nyavu za watafiti hazimfikii na majani yanamficha. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 alikadiriwa kuwa na jozi 1,200 hivi, basi. Mtu akija kumtafuta kwa macho tu atarudi na shingo inayouma.

Ratiba iliyohesabiwa kinyumenyume

Kosa la kwanza la ziara nyingi za milimani ni kupanga kwa urahisi wa abiria. Tangu treni ya SGR ianze safari za Morogoro mwezi Juni 2024, mtu wa Dar es Salaam anafika kwa chini ya saa mbili, na kishawishi cha kwenda na kurudi siku hiyo hiyo ni kikubwa. Niliwahi kuingia kwenye ziara ya namna hiyo na waandaaji wengine. Tulifika ukingoni mwa msitu saa sita mchana, tukapokewa na kimya.

Kijana wetu alihesabu kinyume. Alianza na saa ambayo ndege huimba kwa pamoja, yaani kuanzia mwanga wa kwanza hadi saa tatu asubuhi. Akatoa muda wa kupanda kutoka kijijini hadi ukingo wa msitu. Akatoa usiku mmoja wa kulala kijijini. Akatoa barabara, na barabara ya huko haitabiriki. Jibu likawa saa nane mchana, Msamvu, siku moja kabla.

Gari lilipitia Bigwa, likashika njia ya Kisaki, kisha likaiacha na kuanza kupanda upande wa mashariki wa mlima, ule unaotazama bahari na kupokea zaidi ya milimita 2,000 za mvua kwa mwaka. Hapo ndipo kwenye migomba, mdalasini, karafuu na pilipili manga. Kijana hakuwaambia wageni waangalie ndege. Aliwaambia washushe vioo na wasikilize, kila baada ya kona kadhaa, sauti zinavyobadilika: shore na shomoro wa mashambani wakipungua, wa kivulini wakiongezeka. Kwa njia hiyo kila mgeni alifika Tegetero akiwa na ngazi ya sauti kichwani mwake, na asubuhi hakuanza na sifuri.

Watu wawili, kazi mbili

Tegetero tulimkuta mwongozaji wa pili, mzee mwembamba aliyevaa kofia ya sufu. Kijana alimwamkia shikamoo na akawa anamwita mjomba, ingawa si ndugu wa damu. Kwa Waluguru neno hilo lina uzito, maana ukoo na ardhi hufuata upande wa mama, na mjomba ndiye anayemfunza mpwa. Mzee huyu naye aliujua msitu kwa kumfuata kaka wa mama yake alipokuwa mtoto.

Mgawanyo wao wa kazi ndio uti wa mgongo wa ziara nzima. Kijana alibeba vibali vya kuingia kwenye Hifadhi ya Mazingira Asilia Uluguru, iliyotangazwa mwaka 2008 na kusimamiwa na Wakala wa Huduma za Misitu Tanzania. Alibeba pia kitabu, darubini ya miguu mitatu, dawa na saa. Mjomba hakubeba kitu. Alitembea hatua kumi mbele, peke yake, viatu vya mpira visivyolia, na hakuna aliyeruhusiwa kumkaribia. Hatua hizo kumi zilimpa kimya cha kusikia. Akisimama, wote tunasimama. Akiinua mkono, kijana anasogea, ananong'onezwa, kisha anarudi kutueleza.

Nimeona ziara ambazo mtu mmoja anaongoza, anajibu maswali, anaangalia muda na anatafuta ndege. Mtu huyo hasikii chochote, kwa sababu daima anasemeshwa.

Saa tatu ya nani?

Saa kumi na mbili asubuhi tulikuwa ukingoni, pale shamba la ndizi linapokoma na miti mikubwa inapoanza. Chozi wa Uluguru alikuja mapema kwenye maua ya ukingo, na hapo likatokea kosa ambalo ni funzo.

Waongozaji wa ndege duniani huonyesha upande kwa uso wa saa: mbele yako ni kumi na mbili, mkono wa kulia ni tatu. Kijana alinong'ona, "Mti mkubwa, saa tatu, juu." Wageni watatu wakageuka kulia. Mwalimu mstaafu na mwenzake wakageuka kushoto, na walikuwa na haki yao: kwa Mswahili, saa tatu asubuhi mshale mfupi husimama penye tisa. Darubini zikaelekea pande mbili, chozi akaondoka.

Aliporudi, mjomba alieleza mwenyewe. "Anzeni chini, shina lenye kuvu nyeupe. Pandeni mpaka panda ya kwanza. Shikeni tawi la upande wa bondeni. Nendeni mpaka penye majani mekundu." Wote watano walimpata. Angalieni ufundi uliomo. Alianza na kitu kisichotikisika, akapanda kwa mpangilio mmoja, na badala ya kulia na kushoto, ambavyo hubadilika mtu akigeuka, akatumia bondeni na mlimani, ambavyo havigeuki na mtu. Kuanzia hapo kijana aliacha saa na kufuata njia ya mjomba. Kila mwongozaji anayetumia Kiswahili milimani angefaa kuichukua.

Spika iliyobaki kwenye mkoba

Ndani ya msitu tulikutana na kundi la mchanganyiko. Lilitangulizwa na mlamba, ndege mweusi anayepiga kelele hatari ikitokea. Ndege wengine wadogo humfuata na kula wakiwa na amani kwamba mlinzi yupo. Mjomba alimsikia mlamba dakika kadhaa kabla yetu, akatuketisha chini kando ya njia. Kundi likatupita juu na pembeni kama maji yanavyopita jiwe. Tungelifuata lingetukimbia; kwa kuwa tuliwahi njiani mwake, lilikuja lenyewe. Muda mfupi baadaye hondohondo wawili walikatiza juu, na uvumi wa mabawa yao ulifika kabla yao.

Kisha ikaja zamu ya kipwe. Kijana alikuwa na sauti yake kwenye simu na spika ndogo mkobani. Kumpigia ndege sauti yake mwenyewe ni njia ya haraka, na kwa wengi ndiyo njia pekee. Lakini ndege anayesikia sauti hiyo anaamini mvamizi ameingia kwenye himaya yake. Anaacha kula, anaacha kiota, anakuja kupigana na mtu asiyekuwepo. Mara moja si neno. Ikirudiwa kila wiki, kwa ndege wa jozi 1,200 na kwenye njia ile ile ya watalii, inakuwa kodi anayolipa kiumbe asiye na akiba. Sharti la kijana lilikuwa sekunde 20, isizidi mara mbili kwa siku, na kamwe si pale ndege alipokwisha kuimba mwenyewe.

Kipwe aliimba mwenyewe. Mluzi mmoja, mbali, upande wa mlimani. Mjomba alitusogeza mita 30 na kutukalisha. Tukangoja dakika 50. Ukungu uliingia ukatoka. Mluzi ulirudi mara ya pili, na ya tatu, ya karibu. Mjomba akaanza: shina lenye mtambaa, panda ya pili, tawi la bondeni. Kwa sekunde kumi hivi tumbo la njano lilionekana kati ya majani. Wageni wanne walimwona. Wa tano aliona tawi likitikisika, lakini mluzi aliusikia mara tatu, akaandika daftarini kwamba amempata. Nadhani alikuwa sahihi.

Usiku, na mtoto wa dada

Baada ya chakula cha jioni tulitoka na tochi kwenye njia za mashambani. Usiku kinyonga hulala kwenye ncha ya kijiti, rangi yake ikiwa imepauka, na mwanga ukimpiga anang'aa kama jani lililogeuzwa. Mtoto wa dada yake mjomba, wa miaka kumi na miwili hivi, alitupatia vinyonga wanne, mmoja mdogo kuliko kidole gumba. Aliwaonyesha bila kuwagusa. Komba alipolia kwenye giza, mtoto alinyoosha kidole kabla mlio haujakoma.

Palipopwaya

Ziara hii ilikuwa nzuri, na kwa sababu hiyo inastahili kuambiwa ukweli. Ina upungufu wa aina mbili.

Kwanza, maarifa yake hayaandikwi. Kijana alipeleka orodha ya ndege wa siku hiyo kwenye kumbukumbu za ndege wa Tanzania, jambo jema. Lakini majina ya Kiluguru aliyoyataja mjomba, na alama anazotumia kutofautisha milio, yalibaki hewani. Daftari na kalamu ya risasi vinatosha kuanzia.

Pili, na hili ndilo linaloniuma. Siku ya kuondoka niliomba kuona mchanganuo wa gharama, na kijana alinionyesha bila kuficha. Kiingilio kina mstari wake, gari lina mstari wake, chakula pia. Mjomba hakuwa na mstari. Aliwekwa pamoja na wabeba mizigo, kwa ujira ule ule. Naheshimu kazi ya kubeba mizigo mlimani, ni ngumu na ilipwe vizuri. Ila siku ile mjomba hakubeba kitu, na bila yeye wageni wangerudi Msamvu na picha za migomba. Tulilipa bega, tukatumia sikio.

Jambo hili linagusa msitu wenyewe. Mashamba ya Tegetero yanagusana na msitu, na maji yanayotoka milima hii huteremka kwenye mto Ruvu hadi kwenye mabomba ya Dar es Salaam. Mkulima anayeishi ukingoni hupima msitu kwa kile anachokiona ukimletea: kuni, nguzo, shamba jipya. Ujuzi wa kusikia ukiwa na bei yake, mti aliosimama kipwe nao unakuwa na bei ukiwa wima.

Ushauri wangu kwa waandaaji ni mfupi. Wekeni mstari wa msikilizaji kwenye kila bajeti, juu ya ujira wa mizigo. Wekeni na nusu ya ujira huo kwa mwanafunzi wake, atembee naye zile hatua kumi za mbele. Mjomba amezeeka, na kwenye ukungu wa asubuhi alikohoa kila tuliposimama. Mpwa wake tayari anasikia komba kabla mlio haujakoma.